Nani Kawaambia Hatuoni?

Filamu yangu ilipokwisha ukumbi ulikaa kimya, kimya kile cha watu wanaosubiri mwenzao aanze kusema. Halafu mzee mmoja wa meza ya mbele, ile meza yenye chupa za maji na karatasi za maksi, akavua miwani akaniuliza: "Sasa kijana wangu, ujumbe wake nini?"

Nikamjibu, "Mzee wangu, haina ujumbe. Ni ya kutazama."

Watu wakacheka. Mzee naye akacheka, wala si kwa ubaya, akaandika kitu kwenye karatasi yake. Baadaye nilikuja kuiona. Kisanduku cha ujumbe peke yake kilikuwa na maksi 40 kati ya 100, na mle nilipewa sifuri ya mviringo safi. Nikashika mkia.

Ilikuwa hapa hapa Bukoba mjini. Ukumbi siutaji, na semina yenyewe siitaji, maana waliotuita walitupa nauli na wali kwa kuku siku tatu, na mimi si mtu wa kula wali wa watu halafu nikawaanika. Ugomvi wangu ni na lile swali. Limenikaa kooni tangu siku hiyo kama mwiba wa sato, na nimeona nije nilitemee hapa, mbele yenu vijana wenzangu wa kalamu, kwa sababu ninyi nanyi mnaulizwa swali hilo hilo kila mnapopeleka hadithi mahali. Na wengi wenu, tusidanganyane, mmeshazoea kulijibu kabla hamjaulizwa.

Kwanza niwaambie mlichokosa. Filamu ni ya dakika nne na sekunde kumi. Ndani yake hamna mtu, hamna neno, hamna muziki. Niliipiga kwa simu, mwezi wa Novemba, kwenye mlima ulio nje kidogo ya mji ambako watu wanatega senene. Msomaji wa mbali ambaye hujui, mtego wa senene ni hivi: taa kali zinafungwa juu ya miti, jenereta linanguruma, na chini yake yanasimamishwa mabati mapya yanayong'aa, kila bati limetumbukizwa mguu ndani ya pipa. Senene wanaifuata nuru, wanagonga bati, wanateleza, wanaingia pipani. Watega wenyewe wanavaa miwani ya jua usiku wa manane, na ukiwakuta hujui kama umefika kazini kwao au disko.

Mimi sikupiga mapipa. Nililala chali kwenye nyasi nikaielekeza simu juu, mahali ambapo nuru inakutana na giza.

Jamani, nendeni mkaone. Senene anayepita karibu na taa, kwenye picha ya simu, haonekani kama senene. Anaonekana kama uzi mweupe wenye mafundo, na kila fundo ni pigo moja la mabawa yake, kwa sababu kamera ilikaa wazi kidogo wakati yeye anapita. Wakipita kumi unapata nyuzi kumi. Wakipita elfu unapata kitu ambacho sina jina lake, kama mkeka unaojisuka na kujifumua wenyewe. Na juu ya mkeka huo kuna mistari mipana ya giza inayopanda polepole. Jaji mmoja alisema simu yangu mbovu. Simu yangu mbovu kweli, kioo kimepasuka kona mbili, lakini ile mistari haikutokana na ubovu. Umeme wetu unakwenda na kurudi mara 50 kwa sekunde, kwa hiyo taa za namna ile zinawaka na kufifia mara 100 kila sekunde. Jicho halishtuki, linaunganisha tu. Simu inashtuka, kwa sababu haichukui picha yote kwa mkupuo. Inaisoma mstari kwa mstari toka juu hadi chini, na njiani inaikuta taa ikiwa imefifia. Na kwa kuwa lile jenereta lilikuwa linakohoa, mistari nayo ilipanda, ikasita, ikashuka. Yaani niliupiga picha umeme ukipumua! Nikaambiwa simu mbovu.

Basi. Filamu za aina hii sikuzibuni mimi. Wenye elimu yao wanaziita filamu dhahania: hazisimulii kisa, zinachezesha mwanga, rangi na nakshi mbele ya jicho, jicho lenyewe lianze kujishangaa. Ni za zamani kuliko sinema yenye sauti. Huko Ujerumani, Walter Ruttmann na Hans Richter walikuwa wakichezesha miraba na mawimbi kwenye pazia mwaka 1921. Mimi nilizifahamia kwenye simu ya mshikaji wangu mmoja wa Kashai aliyekuwa na bando la usiku, picha imefifia kama inaonekana kupitia mvua. Nyingine, nasema kweli, zilinichosha. Ipo moja ya Mmarekani Tony Conrad, ya 1966, nusu saa nzima ya fremu nyeusi na nyeupe tu zinazopishana kwa kasi. Inaanza na onyo kwamba mwenye kifafa asiitazame, na onyo hilo si la mapambo. Mwenye tatizo hilo akae mbali nayo. Watu wanasema ukiikazia macho unaanza kuona rangi ambazo hazimo kwenye filamu, ubongo unazitunga wenyewe. Mimi niliona rangi mbili tatu, nikaona na kichwa kinauma, bando likakata. Sikusikitika.

Lakini ipo moja iliyonitoa kitandani. Stan Brakhage, Mmarekani naye, mwaka 1963 hana hela ya kununua filamu. Kafanyaje? Kaokota nondo waliokufa kwenye taa, kachukua mabawa yao, kachanganya na majani na maua, kabana vyote kati ya tepu mbili zinazopitisha mwanga, kisha kautengeneza ule utepe uweze kupita kwenye mashine ya sinema. Hakutumia kamera. Dakika kama nne hivi, kimya, mabawa tu yanapita mbele ya taa iliyowaua. Inaitwa Mothlight, na inafundishwa vyuoni duniani kote.

Nilicheka peke yangu gizani. Ninyi mnaokaa karibu na ufuko mnajua ninachocheka. Wale wadudu wa ziwani wakija, wanakuja wingu, unaliona wingu linatembea juu ya maji kama moshi wa meli. Asubuhi unachukua fagio unawazoa chini ya taa ya baraza, debe zima, unamwaga kwenye migomba. Mtu wa Marekani kaokota nondo wa kujaza kiganja, kaingia kwenye historia. Sisi tunamwaga debe.

Sasa turudi kwa mzee na swali lake. Nilikwenda kulitafuta lilikotoka, maana swali halina mbawa, lazima kuna mtu alilileta. Nimefika hadi mwaka 1935.

Mwaka huo, London, kijana wa New Zealand anayeitwa Len Lye, naye hana hela ya kamera (mnaona hii habari ya hela inavyojirudia?), alichukua utepe wa filamu akaupaka rangi moja kwa moja kwa mkono, mistari, vitone, mawimbi, akaunganisha na muziki wa dansi wa Kikuba. Dakika chache za rangi zinazocheza, basi. Filamu hiyo, A Colour Box, nani aliilipia? Posta! Idara ya Posta ya Uingereza, yenye kitengo chake cha filamu. Mwishoni kabisa yanatokea maneno kwamba kutuma vifurushi kumeshuka bei. Watu wa London walikwenda sinema na watoto wao wakatazama rangi zikicheza, hakuna aliyeitisha kikao kuuliza kama watazifahamu.

Mwaka huo huo, 1935, bendera ile ile ikipepea, hapa Tanganyika lilianza jambo linaloitwa Bantu Educational Kinema Experiment. Fedha zilitoka kwa taasisi ya Carnegie ya New York, makao yakawa Vugiri, milimani Usambara. Waliokuwa wakiliendesha, Meja Notcutt na Bwana Latham, walitengeneza filamu kama 35 katika miaka miwili na kuzizungusha kwa gari Afrika Mashariki hadi Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Moja ya filamu zao ilihusu nini? Posta! Benki ya akiba ya posta. Mtu mmoja anafukia pesa zake ardhini, zinaibwa. Mwenzake anaziweka posta, zinasalimika. Mnaona? Posta moja, mwaka mmoja. Mwananchi wa London kapewa mwanga ucheze naye. Mwananchi wa Korogwe kapewa funzo.

Na jina lile, jaribio! Wenzetu huko walikuwa wanaijaribu filamu. Huku walikuwa wanatujaribu sisi.

Baada yao akaja William Sellers, aliyeanzia Nigeria na filamu za afya, kisha akakiongoza kitengo cha filamu cha makoloni kilichoanzishwa 1939. Huyu ndiye aliyeyapanga mawazo yale yakawa kanuni: filamu ya Mwafrika iende polepole, picha zikae muda mrefu, hila za kamera zisiwepo, jambo moja tu lifuatane na jingine, maana macho ya hawa watu hayajazoea. Mwaka 1941 aliandika makala kuhusu filamu za watu aliowaita wa kale. Kale! Na babu zetu wakati huo wako King's African Rifles, wanasoma ramani za Wazungu na kulenga shabaha.

Lakini ushahidi mtamu kuliko wote waliuleta wenyewe. Mwingereza mwingine, John Wilson, alisimulia kisa ambacho Marshall McLuhan alikirudia katika kitabu chake cha 1962. Bwana afya kapiga filamu ya dakika tano hivi kuonyesha jinsi ya kuondoa maji yaliyotuama kijijini, polepole kabisa kama kanuni inavyotaka. Ikaonyeshwa kwa wanakijiji kama thelathini. Wakaulizwa, mmeona nini? Wakajibu: tumeona kuku. Wataalamu wakatazamana. Kuku gani? Hatukupiga kuku! Wakairudia filamu fremu kwa fremu, na kweli, kwa muda wa sekunde moja hivi, kwenye kona ya chini, kuku kakurupushwa karuka. Watengenezaji wenyewe walikuwa hawajamwona.

Kwa miaka mingi kisa hiki kimesimuliwa kama ushahidi kwamba Mwafrika hajui kutazama filamu. Hebu nisaidieni kufikiri. Watu thelathini wamekiona kitu kilichopita sekunde moja, kwenye kona, mara ya kwanza kabisa wanaona filamu. Waliotengeneza, wakakata, wakaunganisha, wakaitazama sijui mara ngapi, hawakukiona. Asiyeona hapo ni nani? (Na walipobanwa zaidi walikiri kwamba hata yule bwana afya walimwona pia. Ila alikuwa mtu anafagia maji. Kuku ndiye aliyekuwa na jambo.)

Kwenye ukumbi wetu kulikuwa na kuku wake vilevile. Wakati wa chai, mama mmoja aliyekuwa anatuhudumia, ambaye nusu ya filamu aliitazama akiwa amesimama mlangoni na birika, aliniita pembeni. "Mwanangu, pale mwishoni walipopungua, mwezi ulikuwa umetoka?" Nikaganda. Mimi nilidhani walipungua kwa sababu usiku ulikuwa umekwenda, au kwa sababu mimi nilichoka. Nilikwenda kuangalia saa ya ile picha na kalenda: mwezi ulikuwa umechomoza. Mbalamwezi ikitoka, nguvu ya taa inapungua, senene wanasambaa. Mama yule, ambaye msimu ukifika anauza senene kwa kikombe pale sokoni, alisoma mwezi ambao haukuwemo kwenye picha, aliusoma kwa wingi wa nyuzi. Mimi mpiga picha sikuuona. Majaji wanne wenye maksi hawakuuona. Halafu mtu aniambie filamu hii ni ngumu kwa wananchi wa kawaida!

Hapa najua kuna msomaji amenyanyua kidole, na namheshimu. Anasema: kijana, wewe umezaliwa juzi. Mkoa wako ndio ulioripoti wagonjwa wa kwanza wa ukimwi Tanzania, mwaka 1983. Wazee waliodai ujumbe kwenye kila wimbo na kila mchezo hawakuwa wapumbavu, walikuwa wanazika.

Kweli. Mimi nimelelewa na bibi, Kamachumu, wilaya ya Muleba, na makaburi ya watoto wake yako nyuma ya nyumba, ndani ya kibanja. Migomba imeshayafunika kivuli. Sitakaa niandike kwamba filamu ya kuokoa maisha ni upuuzi. Ikiwa inaokoa, ipigwe, ionyeshwe, na mimi nitabeba jenereta. Ninachokataa ni kodi. Leo kila picha, kila shairi, kila hadithi ya kurasa tatu lazima ilipe kodi ya ujumbe mlangoni kabla haijaruhusiwa kuingia, hata kama haikuja kwa shughuli hiyo. Muulize yule mzee: maua kwenye kanga yana ujumbe gani? Maneno yako pale chini, sawa, lakini mama anaposimama dukani nusu saa anachagua, anaanza kuangalia nini?

Nilimuuliza bibi kuhusu yale magari ya sinema yaliyokuwa yanapita vijijini. Filamu hazikumbuki, labda moja ya kahawa, hana uhakika. Anachokikumbuka ni mwali wa mwanga ukitoka kwenye mashine juu ya vichwa vyao, vumbi likichemka ndani yake, na nondo waliokuwa wanapita mbele ya kioo, vivuli vyao kwenye pazia vikubwa kama korongo. Watoto walikuwa wanainua mikono waingie kwenye mwali, wanafukuzwa. "Tulikuwa tunagombea mwanga," alisema. Sikumuuliza ujumbe.

Kundi la pili la wapinzani wangu ni la vijana wenzetu, na hawa siwaogopi. Wanasema: hayo ni mambo ya Wazungu, unaiga. Wenyewe wamevaa fulana za timu za London, lakini tuliache hilo.

Nendeni Bwanjai, Missenyi, si mbali na hapa. Juu ya mawe kuna michoro myekundu ya watu ambao majina yao hatunayo. Kuna watu na ng'ombe waliopunguzwa na kupunguzwa hadi wakabaki mistari. Aliyechora alijua ng'ombe anafananaje, akachagua kuacha. Zungukeni ziwa: kisiwani Mfangano, Kenya, na kule Nyero, wilaya ya Kumi, Uganda, kuna mawe yamechorwa duara ndani ya duara ndani ya duara. Mwaka 1988 wataalamu wawili wa Afrika Kusini, Lewis-Williams na Dowson, walitoa hoja kwamba maumbo ya namna hiyo kwenye michoro ya mawe duniani huenda yanatoka ndani ya jicho na ubongo wenyewe, nakshi ambazo binadamu yeyote anaziona akiwa kwenye giza refu au njozi. Wenzao wengi waliwapinga na ubishi haujaisha. Lakini jaribu sasa hivi: fumba macho, yabonyeze taratibu kwa vidole. Miduara hiyo, vitone hivyo, mitandao hiyo. Tulipokuwa watoto tuliuita mchezo wa nyota. Hiyo ni filamu dhahania, na hukumwomba Mzungu ruhusa.

Au vukeni mto Kagera, mwende upande wa Nyarubuye, Rwanda mashariki. Akina mama wa kule wana sanaa ya imigongo: wanachukua samadi ya ng'ombe iliyochanganywa na majivu, wanainua matuta ukutani, wanapaka nyeusi, nyeupe, nyekundu. Mistari ya pembe, misokoto, almasi. Baada ya mauaji ya 1994 sanaa ilikuwa karibu ife na walionusurika, wanawake, wakaifufua. Simama mbele ya ukuta ule dakika moja bila kupepesa. Ukuta unatembea! Mwingereza Bridget Riley alipochora miraba yake myeusi na myeupe mwaka 1961 na watazamaji wakaona kizunguzungu, magazeti ya huko yalishangaa. Bibi mmoja wa Gisaka angemuuliza tu samadi ametoa wapi.

Kwa hiyo hapana. Siigi. Ninachokidai ni changu, kilikuwepo ukutani na kwenye jiwe kabla ya Vugiri.

Sasa niwageukie ninyi, na mimi mwenyewe. Mtauliza, mwandishi wa riwaya, tena wa kidato cha nne asiye na cheti cha maana, anatafuta nini kwenye filamu zisizo na maneno? Niwaambie aibu yangu. Nina riwaya, daftari tisa za mkono, chini ya kitanda. Sura ya kwanza inaanza: jua lilikuwa likizama taratibu ndani ya ziwa, anga limekuwa jekundu, msichana amesimama ufukoni Bukoba. Nilikuwa naipenda sana sentensi ile. Nilimsomea hata yule mshikaji wa Kashai. Miaka miwili ilipita kabla sijagundua.

Bukoba! Ziwa letu liko mashariki. Jua linachomoza humo, linazama huku nyuma kwenye vilima na migomba. Mimi niliyezaliwa hapa, niliyelala ufukoni pale mara zisizo na idadi, nimeandika jua linazama ziwani, kwa sababu kwenye vitabu nilivyosoma jua linazama majini, basi. Macho yangu yalikuwepo, hakuna aliyeyauliza kitu. Shuleni niliulizwa funzo, dhamira, ujumbe, falsafa ya mwandishi. Kwa miaka minne sikuulizwa hata siku moja: umeona nini? Na riwaya yangu, ambayo ujumbe inao wa kutosha, ujumbe umejaa mpaka kwenye kingo za daftari, ilikuwa imesimama juu ya jua la uongo.

Someni hadithi zenu. Mvua inanyesha "kwa fujo". Msichana ana macho "ya kurembua". Chumba ni "kidogo lakini safi". Nani aliona? Halafu kwenye ukurasa wa mwisho kijana mwizi anachomwa moto, tunaambiwa mali ya haramu haidumu, tunapiga makofi, tunakwenda nyumbani. Mzee wa meza ya mbele angewapa arobaini kwa arobaini, wote. Sisemi muache kusimulia. Mimi mwenyewe kisa nakipenda kuliko chakula. Nasema mwaka huu nimejifunza zaidi uandishi nikiwa nimelala chali chini ya taa za senene kuliko kwenye semina tatu nilizohudhuria, kwa sababu pale sikuwa na la kusema, ilibidi nitazame.

Baada ya kushika mkia niliirudisha filamu nyumbani Kamachumu. Kwa bibi kuna chumba cha nyuma chenye dirisha la mbao, na kwenye ubao mmoja kuna tundu la msumari. Tangu utoto wangu, jua likiwa upande ule, ukifunga dirisha na mlango, lile tundu linatupa ukutani picha ya kibanja chote, migomba imening'inia kichwa chini, mtu anapita miguu juu, rangi zake zote. Hiyo ndiyo sinema niliyokulia, na sikujua ni sinema. Nilitundika shuka ukutani hapo hapo, nikaazima projekta ndogo ya kijana anayeonyesha mpira Muleba mjini. Wakaja watu kama ishirini, wengi watoto. Dakika ya pili wakaanza kubishana yupi senene wa kijani na yupi wa kahawia, jambo ambalo haliwezekani kuonekana kwenye picha ile. Waliyaona. Mtoto mmoja akaingiza mkono kwenye mwali, na sikumfukuza.

Wakataka irudiwe. Ikarudiwa mara tatu, mpaka mwenye projekta akasema anaiwahi mechi.

Msimu wa Novemba ukifika narudi kule mlimani, safari hii na simu tatu kama nitazipata, nipige kutoka pande tatu kwa wakati mmoja. Anayetaka kuja aje na sweta, kule juu usiku kuna baridi kali, na ya kujaza kwenye jenereta tutachanga. Watega senene nimeshaongea nao, hawana neno, mradi tusisimame mbele ya mabati. Mwenye shuka jeupe lisilo na maua aniletee.